Shati Lililozikwa

Habari kwamba Griffins Amolo hakufa zilifika soko la Otonglo Jumatatu. Jumatano asubuhi mwenyewe akaja.

Debra Ajwang hakumwona mara moja. Alikuwa ameinama juu ya cherehani akikunja pindo la sketi ya shule, pini tatu katikati ya midomo, mguu ukikanyaga wenyewe bila kuambiwa. Aliyemwona kwanza ni Rahab wa kibanda cha nafaka, mwanamke aliyetoka Nyeri miaka mingi iliyopita na kukaa Kisumu mpaka akajua matusi yote ya Kijaluo na sala zake pia.

"Debra," Rahab alisema polepole, "toa hizo pini mdomoni."

"Kwa nini?"

"Toa tu. Sitaki umeze."

Debra alizitoa moja moja, akazichoma kwenye kile kimto kidogo cha kitambaa, ndipo akainua macho. Griffins alikuwa amesimama upande wa pili wa meza. Amevaa koti pana na raba nyeupe, ameshika kofia mkononi kama mtu aliyeingia kanisani amechelewa. Alikuwa mwembamba zaidi usoni.

"Nyar Kisumo," alisema. Binti wa Kisumo. Hakuna mwanamume mwingine aliyemwita hivyo kwa sauti hiyo ya chini, na mwaka huu wote hakuna aliyethubutu.

Debra alihisi damu ikipanda mpaka masikioni. Lakini mkono wake ulikuwa umeshapata kitu cha kufanya. Ulikuwa unakunja sketi.

"Keti," alisema. "Mteja akija utasimama."

Griffins aliketi kwenye stuli, taratibu, mguu wa kulia ukibaki umenyooka mbele yake. Goti halikukunjika.

"Mimi nimesoma habari za Lazaro tangu nikiwa mtoto," Rahab alisema kutoka kwa magunia yake, "na hakuna mahali waliandika alirudi na raba nyeupe."

"Mama Rahab, kumbe mdomo bado uko?"

"Uko, na ulikulilia! Nilipeleka gunia la mahindi kwa matanga yako, nikalia mpaka leso ikalowa. Nani atanirudishia machozi?"

Griffins alicheka kidogo, kisha akamwangalia Debra, akaacha.

Mambo yalikuwa hivi. Griffins alikuwa akifundisha taekwondo katika ukumbi mmoja mjini Kisumu, na Debra akimshonea mashati. Akapata nafasi ya kwenda kusomea michezo Jakarta. Huko mtu wa filamu akamwona akifanya mazoezi, mrefu, mweusi, mwepesi wa miguu, akamwambia aje ajaribu. Masomo yakaisha, filamu zikabaki. Alifanya kumi na moja za mapigano, na katika zote kumi na moja aliuawa. Mwaka jana alikuja likizo, akaenda na baba yake mdogo, Mzee Dalmas, kwa mama yake Debra. Wakanywa chai, wakapatana kuhusu ndoa, akarudi kazini kuanza filamu ya kumi na mbili.

Halafu akanyamaza. Mwezi, miezi miwili. Simu haipatikani. Mwezi wa tatu ikafika video kwenye simu za watu wa Pap Onditi, kwao Nyakach: Griffins amelala kwenye mkeka, damu upande mmoja wa uso, watu wa huko wamemzunguka wakilia, shuka nyeupe ikivutwa mpaka kidevuni. Chini mtu asiyejulikana alikuwa ameandika kwa Kijaluo kwamba kijana wa Nyakach amefia ugenini. Wazee walihangaika kwenye maofisi, hawakupata wa kuwajibu. Mwisho wakamwita Debra, kwa sababu mama yake Griffins alishakufa na hakuna mwingine aliyeujua mwili huo kwa vipimo. Wakamwonyesha. Damu ilifunika uso, lakini bega la kulia lilikuwa chini ya la kushoto kwa nusu inchi, kama siku zote.

"Ni yeye," Debra alisema.

Kwa neno hilo wakamzika. Kwa kuwa mwili haukuwepo, walifanya kama watu wa ziwa wanavyofanya mtu akipotelea majini: walichukua tunda la yago, refu na zito, wakalilaza kaburini mahali pake.

"Unaendeleaje?" Griffins aliuliza.

"Nashona."

"Naona."

"Kama unaona, kwa nini unauliza?"

Rahab alikohoa, akageuka kupanga madebe yake, lakini hakwenda mbali.

"Debra, nimekuja kusema pole."

"Pole ya nini hasa? Ukisema pole ya kila kitu sitaipokea. Taja."

Griffins alizungusha kofia mikononi. Mikono yake ilikuwa na makovu mapya kwenye vifundo. Debra aliyaona yote, moja moja, na hakutaka kuyaona.

"Pole ya kunyamaza," alisema.

"Miezi minane, Griffins. Miezi minane baada ya kukuzika. Ongeza ile mitatu ya kwanza."

"Sikujua mmenizika. Naapa. Cliff, binamu yangu, ndiye alinipata wiki iliyopita kwa simu ya rafiki. Alianza kupiga mayowe. Nilidhani kuna mtu amekufa huko nyumbani. Kumbe ni mimi."

Rahab aliangua kicheko, akajifunika mdomo kwa leso. Debra hakucheka. Alitaka, na hilo lilimkasirisha zaidi.

"Hiyo video ilitoka wapi?"

"Msichana wa kupaka rangi ndiye aliipiga kwa simu yake, akaiweka mtandaoni. Ni kazi tu, Debra. Filamu hazipigwi kwa mpangilio. Siku ya kwanza kabisa tulianza na kifo changu, kwa sababu ile nyumba walikuwa wameipata kwa siku mbili. Wale wanaolia ni waigizaji. Damu ni sharubati na rangi."

"Walilia vizuri."

"Ndiyo kazi yao."

"Na wewe ulilala vizuri."

"Ndiyo yangu." Alijaribu kutabasamu. "Kule mimi ni mlinzi wa yule adui. Adui akiwa tajiri lazima nyuma yake asimame mtu mrefu asiyeongea. Niliongea mara ya kwanza kwenye filamu ya sita. Maneno manne."

"Yapi?"

"'Bosi, amefika yule kijana.'"

"Halafu?"

"Halafu yule kijana ananiua."

Safari hii Debra alicheka, kidogo, kwa pua. Akainamia cherehani haraka, lakini Griffins alikuwa ameshaona, na macho yake yakalainika kama zamani alipokuwa akija jioni kujaribu shati, anakaa mpaka soko linafungwa.

"Kuna mzee mmoja wa mji wa Bandung alinifundisha silat, ule mchezo wao wa kupigana," aliendelea. "Mwaka mzima hakuniruhusu kumpiga mtu. Alinifundisha kuanguka. Unatoa pumzi kabla ya kugusa chini, unaacha mkono uende kwanza. Nikawa hodari. Walikuwa wananiita kwa sababu hiyo, mimi naanguka kutoka ngazi yoyote. Lakini ile ya kumi na mbili waliniahidi nitabaki hai. Unakumbuka nilikuambia?"

Alikumbuka. Alimwambia wakiwa hapa hapa: utaona filamu moja ambayo sifi, nitafika mpaka mwisho, na hiyo ikitoka nakuja kukuchukua.

"Walibadilisha," Griffins alisema. "Nikafa tena. Wiki ya tatu walinifunga kamba ya chuma ya kuninyanyua juu ya paa, ikavutwa kabla ya wakati. Nikaanguka bila kutoa pumzi. Goti likaenda. Simu nayo ilibaki huko kwenye matope. Hospitali, halafu chumba kimoja, halafu kuosha vyombo kwa mama mmoja anayeuza wali, nimekaa kwenye kiti kwa sababu siwezi kusimama. Nikasema wiki ijayo nitapiga simu, nikiwa na neno zuri la kusema. Wiki ijayo. Wiki ijayo. Niliona aibu."

"Namba yangu unaijua kwa kichwa."

"Naijua."

"Basi usiniambie habari za matope."

Ng'ambo ya barabara mtu alikuwa akipakua viazi vitamu na kuvihesabu kwa sauti. Debra alitoa sketi kwenye cherehani, akakata uzi kwa meno.

"Nilisema ni wewe," alisema bila kumwangalia. "Mbele ya wazee. Na ilikuwa wewe."

"Ilikuwa mimi."

"Basi sikudanganya."

"Hukudanganya. Ni mimi nilikufa vizuri mno."

"Usinichekeshe, Griffins. Kuna kitu hujui." Sauti yake ilishuka. "Baba yako mdogo alisema yago haliwezi kulala uchi. Akaniuliza kama nina nguo yako. Nilikuwa na kitambaa kile cha samawati ulichoniachia. Nilishona shati usiku mmoja, kwa vipimo vyako. Kola, vifungo, mfuko. Na bega la kulia nikalishusha nusu inchi. Tunda halina mabega. Nililishusha tu."

Griffins aliweka kofia usoni. Mabega yake yalitikisika ndani ya lile koti pana.

Hapo ndipo Mama Benta akafika.

Mama yake Debra alikuwa ametoka kwenye ibada ya akina mama, leso nyeupe kichwani, Biblia kwapani, na mkononi bakuli la omena na ugali wa mchana. Ndiye aliyemfundisha Debra kushona, na cherehani hiyo ilikuwa yake kabla macho hayajamchoka. Aliweka bakuli mezani, akaweka Biblia juu ya kifuniko chake, akamtazama Griffins kuanzia raba mpaka nywele.

"Griffins, nyathina. Mtoto wangu. Uko hai."

"Niko hai, Mama."

"Jumatatu nilipiga magoti nikamshukuru Mungu. Nimemshukuru na leo. Hilo ni la kwanza. La pili, nakuomba uondoke hapa."

"Mama," Debra alisema.

"Wewe ngoja kwanza."

Griffins alisimama kwa shida, akishika ukingo wa meza. "Nitaondoka, Mama. Nimekuja kuomba jambo moja. Nyumbani sijaingia. Jana nilifika Pap Onditi, Baba Dalmas akasimama ndani ya ua, mimi nje barabarani, tukaongea uzio wa mnyaa ukiwa katikati yetu. Aliniita jina langu akilia, lakini mkono hakunipa. Nina kaburi pale karibu na la mama yangu, siwezi kulipita nikaingia nyumba. Wazee wamesema Jumamosi watalifukua, watoe lile yago. Lakini aliyesema kwamba ni mimi niliyekufa lazima awepo, aseme kwa mdomo wake kwamba napumua. Bila hivyo hawachimbi."

"Jumamosi Debra ana wageni."

"Wageni gani?"

Mama Benta alifungua mdomo, lakini Debra alimtangulia. Aliona ni afadhali litoke kwake.

"Watu wa Mathews Wechuli. Wanakuja kujitambulisha, mambo ya posa."

Griffins alimwangalia. Hakuuliza Wechuli ni nani, kwa hivyo Debra akamwambia. Mwalimu wa shule ya msingi kule Sondu. Mke wake alifariki, ana msichana mmoja wa darasa la tano. Ni mtu wa kanisa, mtu mpole.

"Hii ni sketi ya huyo msichana," alimalizia, akaiweka juu ya meza.

Griffins aliigusa ile sketi kwa kidole kimoja, kwenye pindo, akarudisha mkono.

"Ni mtu mzuri?"

"Ni mzuri."

"Basi sawa," alisema, kwa sauti ya mtu ambaye si sawa hata kidogo.

"Si sawa!" Mama Benta alisema. "Wewe unafikiri nakukataza kwa sababu ya kaburi? Kaburi litafukuliwa. Wala si kwa sababu ya hizo sinema zenu za kupigwa mateke. Sikiliza. Mimi nilimzika baba yake huyu. Wa kweli. Mwaka mzima nikisikia lango likilia nadhani ni yeye. Lakini mimi nilipewa kiti. Watu walikuja, wakakaa na mimi, wakaniita mjane, wakanipikia. Huyu hakuwa mke wako. Alirudi kutoka Pap Onditi, kesho yake asubuhi akafungua kibanda, akashona. Hakuna aliyemwambia pole kwa sababu hakuna aliyejua amwite nani. Unajua kulia bila kiti kulivyo?"

"Sijui, Mama."

"Na simu ulikuwa nayo. Kama si yako, ya mwingine."

"Nilikuwa nayo."

"Haya."

Rahab alikuwa analia waziwazi kule kwa magunia, anapima maharagwe ambayo hakuna aliyeomba.

Debra aliangalia mikono yake. Alimfikiria mwalimu Wechuli, anavyosubiri nje ya kanisa ameshika mkono wa mtoto, anavyouliza habari za mama yake kwanza kabla ya zake. Hakuna ubaya alioweza kumwona nao. Lakini juzi Jumatatu, Rahab alipokuja mbio kusema yule mtu wako yuko hai, Debra alikuwa anakata kitambaa, na mkasi ulikwenda moja kwa moja ukakata na kitambaa cha meza. Hakuwa amehisi kitu kama hicho kwa ajili ya mtu mwingine. Na alijua kwamba mwanamke akimkaribisha mtu nyumbani akiwa anajua hivyo, anamdanganya mbele za Mungu, hata kama chai ni tamu.

Alichukua simu.

"Unampigia nani?" mama yake aliuliza.

"Mwalimu."

"Debra, fikiri."

"Nimefikiri tangu Jumatatu, Mama." Akaweka simu sikioni. "Hujambo, mwalimu. Ni Debra... Ndiyo. Uko darasani? Nitasema haraka."

Aligeukia ukuta. Waliobaki walisikia upande mmoja tu.

"Ulisikia? Lini?... Kwa nini hukuniuliza?" Akasikiliza jibu lake. "Ndiyo. Ni jambo hilo hilo. Jumamosi nitakuwa Nyakach, kuna neno nililisema inabidi nikalirudishe... Hapana, si hilo tu. Ningesema ni hilo tu ningekudanganya. Msije, mwalimu. Si Jumamosi hii wala nyingine." Alijifuta jicho kwa kifundo cha mkono. "Sketi iko tayari. Nitaituma kesho. Nimeacha pindo kubwa, akirefuka utaishusha... Asante. Na Mungu akubariki pia."

Aliiweka simu mezani, uso chini.

"Alisema nini?" Rahab alishindwa kuvumilia.

"Alisikia jana. Alikuwa ananingoja nimwambie mwenyewe."

"Uui," Rahab alisema kwa huruma. "Huyo naye ni mwanamume."

Mama Benta alikaa juu ya stuli ambayo Griffins alikuwa ameiacha, kama mtu aliyetembea kutoka mbali. Griffins alipiga hatua moja kumfuata Debra, na Debra akainua kiganja kumzuia.

"Simama hapo hapo. Usifikiri ni kwa ajili yako. Mwalimu nimemwambia ukweli kwa sababu ni haki yake. Wewe bado nina hasira na wewe, na nitakuwa nayo mpaka iishe yenyewe. Jumamosi nitakuja kusema unapumua. Mengine utakuja kuyaomba kwa mama yangu mchana, ukiwa na wazee wako, na akikukataza utarudi tena."

"Nitarudi."

"Na ukinyamaza tena hata wiki moja, nitakuzika mwenyewe, na sitatafuta yago."

"Sinyamazi."

"Toa koti."

"Nini?"

"Toa koti. Utatoka kaburini na hilo gunia? Watu wote wa Pap Onditi watakuwa wamekaa wanakutazama."

Griffins alitoa koti. Debra alivuta tepu shingoni mwake, akaja nyuma yake. Griffins alikuwa na harufu ya sabuni ngeni, na chini yake harufu ile ile. Debra alifunga macho kidogo, akafungua, akapima mgongo. Akapima tena. Kisha akasimama.

Bega la kulia halikuwa chini. Lile goti bovu lilikuwa limemfundisha kuegemea upande wa pili, na sasa bega la kushoto ndilo lililoshuka, karibu inchi nzima. Vipimo vyote alivyokuwa amevihifadhi kichwani miaka hii, alivyomtambua navyo, alivyomzika navyo, havikuwa vya mtu huyu tena.

"Kuna nini?" Griffins aliuliza bila kugeuka.

"Hakuna. Umebadilika. Simama wima."

"Ndiyo wima yangu siku hizi."

"Basi kaa hivyo hivyo."

Alichukua karatasi mpya, akaandika upya kuanzia juu. Mgongo. Bega la kulia. Bega la kushoto. Mkono. Alipofika mbele kupima shingo walikuwa uso kwa uso, pumzi kwa pumzi, na vidole vyake vilihisi mshipa ukipiga chini ya tepu, kwa haraka, bila kupumzika. Hakuharakisha. Aliuacha upige. Macho yake Griffins yalikuwa yamejaa maji na hakuyafuta, kwa sababu aliambiwa asimame hivyo hivyo.

"Kumi na tano," Debra alisema, akaandika.

"Weka kumi na tano na nusu," Mama Benta alisema kutoka kwenye stuli. Alikuwa hajamwangalia hata mmoja wao. Alikuwa anafungua bakuli la omena. "Mtu amekonda kwa kuumwa. Akianza kula atajaa, halafu kola imkabe."

Debra na Griffins waligeuka kumtazama, wote wawili kwa pamoja.

"Mnaniangalia nini? Sijakubali kitu. Nimesema shingo."

Debra alifuta kumi na tano, akaandika kumi na tano na nusu.